Nabii amemwambia mama aache dawa na atoe shamba. Je, ni mimi niliyepungukiwa imani?

Swali: Bwana asifiwe, Mchungaji. Mimi nauza nguo hapa Nakuru na naishi Free Area. Mama yangu ni mjane, yuko nyumbani Lugari. Maisha yake yote amekuwa katika Kanisa la Marafiki, lakini tangu mwaka jana anasali kwa nabii mmoja aliyefungua kanisa pale senta. Aliambiwa presha yake imeng'olewa, akaacha dawa. Ng'ombe wa maziwa alimuuza, pesa zikapandwa kama mbegu. Sasa nabii ameona madhabahu ya mababu shambani, na anataka ekari moja itolewe kwa Bwana ili sisi watoto tufunguliwe. Nikiuliza, mama hunijibu "usiguse masihi wa Bwana," na kwamba mimi ndiye ninayezuia baraka za nyumba. Mtu huyo anaijua Biblia kuniliko, na mama anasema alitaja jina langu na shida zangu kabla ya kuambiwa na yeyote. Yawezekana mimi ndiye niliyepungukiwa imani? Nitamjuaje mwalimu wa uongo, na nifanye nini? Nimeanza kufikiria kuacha kumtumia mama pesa.

Jibu: Amina, dada yangu. Nitakujibu kwa urefu, maana wanaoniuliza jambo hili ni wengi, kutoka Kondele hadi Kitale. Lakini liko moja lisilongoja maelezo ya Biblia, nalo ni hizo dawa.

Presha haiumi, na hatari yake iko hapo. Mtu aliyezoea dawa akiziacha anaweza kukaa wiki nyingi, hata miezi, bila kuhisi chochote. Anaamka, anapalilia mahindi, anakwenda kesha na kurudi. Wakati huo presha inapanda, na dalili ya kwanza huenda ikawa kiharusi chenyewe. Kwa hiyo mama anaposema amepona kwa sababu anajisikia vizuri, hadanganyi. Anakueleza anavyohisi, ila katika ugonjwa huu hisia si ushahidi. Ni vivyo hivyo kwa anayeacha dawa za virusi vya ukimwi: virusi huanza kuongezeka tena ndani ya wiki chache, ilhali mwenyewe anaweza kuonekana mzima kwa muda mrefu na kupandishwa jukwaani kutoa ushuhuda. Mwenye kifafa au mgonjwa wa sukari anayetegemea insulini hapewi hata nafasi hiyo. Kwake kuacha dawa ghafla kunaweza kuua kwa siku chache.

Usianze kwa kumwambia kwamba nabii ni mwongo. Mwombe akubali kupimwa tu. Wale wahudumu wa afya ya jamii waliopewa mikoba na serikali mwaka 2023 wanabeba mashine ya presha, na wanafika nyumbani. Mpigie shangazi au jirani unayemwamini, amtafute wa kijiji chenu. Mama akisema kupimwa ni kukosa imani, msomee Luka 17. Wakoma kumi walipomlilia Yesu, aliwaambia, "Enendeni, mkajionyeshe kwa makuhani." Katika Walawi 14 kuhani ndiye aliyepewa kazi ya kumkagua aliyekuwa na ukoma, kumtazama ngozi, kuthibitisha kwamba kweli ametakasika. Yesu hakuogopa kazi yake ikaguliwe. Ikiwa Mungu amemponya mama, namba za mashine zitaonyesha, na daktari atakuwa wa kwanza kumpunguzia tembe. Zikiwa juu, aende zahanati aandikiwe upya; asichukue tembe za zamani kabatini na kuanza mwenyewe.

Na usikubali aambiwe kwamba dawa na imani havikai nyumba moja. Paulo, ambaye Mungu alimtumia kuponya wengi, alimwacha Trofimo Mileto akiwa mgonjwa. Timotheo alikuwa na tumbo lililomsumbua mara kwa mara, na Paulo alimshauri atumie mvinyo kidogo. Hakumwandikia kwamba imani yake ni ndogo. Alisafiri na Luka, ambaye katika Wakolosai 4 anamwita tabibu mpendwa.

Sasa swali lako lenyewe. Nimesikia upande mmoja, na Biblia yenyewe inakataza kupokea mashtaka juu ya mzee wa kanisa bila mashahidi wawili au watatu. Kwa hiyo sitamhukumu mtu nisiyemjua kwa kila jambo. Nitapima mafundisho uliyonieleza, na hayo yanatosha.

Kwanza niondoe vipimo visivyofaa. Kanisa kuwa jipya si kosa. Kuwa la mabati, kuwa na ngoma, kunena kwa lugha, kuvaa kanzu au kilemba, kuitana nabii, hakuna lolote kati ya hayo linaloonyesha uongo. Sisi watu wa magharibi tunapaswa kukumbuka hili kuliko wengine. Mwaka 1927 pale Kaimosi, ndani ya Marafiki haohao wa mama yako, watu walijazwa Roho wakaanza kuomba kwa sauti na kuungama hadharani. Walionekana wamepotoka, wakasukumwa nje, na makanisa ya Roho yaliyotokana nao hadi leo yamejaa Vihiga na Kakamega, tunaoana nao na kuzikana nao. Hapo Nakuru unawaona Wakorino na vilemba vyao vyeupe kila Jumapili. Ukimpima mtu kwa kelele au mavazi, utawakosea wengi wanaomcha Mungu, na utampitisha mwongo aliyevaa suti na kuzungumza kwa upole.

Kujua Biblia pia si kipimo. Shetani alimnukulia Yesu Zaburi ya 91 alipomsimamisha juu ya kinara cha hekalu.

Hata muujiza hautoshi. Kumbukumbu la Torati 13 inasema wazi kwamba akitokea nabii na kutoa ishara, na ishara hiyo ikatokea kweli, lakini akawaita watu waifuate miungu mingine, wasimsikilize. Soma tena polepole: ishara imetimia, na bado hasikilizwi. Naye Yesu katika Mathayo 7 anataja watu watakaokuja siku ile wakisema walitoa unabii na kutoa pepo kwa jina lake, na atawaambia hakuwajua kamwe. Kwa hiyo hata kama kila alichokisema nabii huyo juu yako ni sahihi, swali lako bado halijajibiwa.

Lakini kuhusu jina lako kutajwa, nikueleze jinsi mambo yanavyoweza kwenda. Vijana waliowahi kuwa wahudumu wa mlangoni katika makanisa ya namna hii wamenieleza wenyewe. Mgeni akifika hupokewa kwa ukarimu mkubwa, na dada mwenye daftari anamkalisha pembeni. Jina, unatoka wapi, namba ya simu, una watoto wangapi, wako wapi, ombi lako leo ni nini. Mtu aliyebeba mzigo miezi mingi akipata wa kumsikiliza hueleza yote kwa dakika kumi. Daftari linapita nyuma ya pazia kabla ya mahubiri. Saa mbili baadaye, sauti ya vinanda ikiwa imeshuka, nabii anafumba macho: "Namwona mwanamke, ana binti mji wa mbali, biashara yake imefungwa..." Mama hakumbuki daftari, kwa sababu hakumwambia nabii, alimwambia yule dada mwema wa mlangoni. Na namba ya simu pekee inatoa mengi. Unajua mwenyewe kwamba ukitaka kutuma pesa kwa M-Pesa, jina la mwenye namba linatokea kabla hujakamilisha, na unaweza kusitisha bila kupoteza hata shilingi. Mwaka 2014 runinga moja ya Kenya iliionyesha nchi nzima jinsi mhubiri mmoja alivyokuwa akiwaosha watu miguu kwa maji yaliyogeuka mekundu, kumbe ni kemikali iliyotiwa humo, huku waumini wakitakiwa kutuma mbegu ya shilingi 310. Sisemi nabii wa Lugari anafanya hivyo. Ninasema kwamba kujulikana jina lako si lazima kuwe kumetoka mbinguni, na huna sababu ya kuliogopa.

Basi kipimo ni kipi? Wengi hukimbilia kuuliza, "Anaishi maisha ya aina gani?" Ni swali zuri, matunda ni lazima, lakini matunda ya mtu anayeishi kilomita nyingi kutoka kwako huwezi kuyaona upesi. Ninakupa swali ambalo unaweza kulijibu leo: tangu mama aanze kumfuata mtu huyu, nani ameondolewa kwake? Daktari ameondoka. Akina mama aliosali nao miaka yote kule Marafiki, nadhani hawafiki tena. Wewe unaitwa kizuizi cha baraka. Na Biblia yenyewe, ingawa iko mkononi mwake, haisomi tena peke yake hadi mwisho wa sura; anapokea mstari mmoja mmoja kutoka kinywa kimoja. Anayefundisha uongo huanza na kazi hiyo, popote alipo na kwa mafundisho yoyote aliyo nayo. Anawaondoa mmoja mmoja wale wote ambao wangeweza kumuuliza mfuasi wake swali.

Linganisha na mitume. Paulo alipohubiri Beroya, watu walimsikiliza, kisha wakaenda kuyachunguza maandiko kila siku waone kama mambo hayo ndivyo yalivyo. Matendo 17 inawaita waungwana kwa kumkagua mtume. Huko Antiokia, Paulo huyohuyo alimpinga Petro ana kwa ana mbele ya watu wote, Petro aliyetembea na Yesu, na hakuna radi iliyompiga. Ndugu wa uamsho wa Afrika Mashariki, walioingia Kenya tangu mwaka 1937, waliishi hivyo kwa vizazi: muumini wa kawaida alimwendea mchungaji wake na kumwambia mbele ya ndugu, "Hapa hukutembea nuruni." Nimewajua wazee wa namna hiyo Maseno, na sijaona watu walioheshimu utumishi kuliko wao.

Sasa hilo neno la masihi, ambalo mama analitumia kukunyamazisha. Limetoka Zaburi 105, mstari wa 15. Msomee kuanzia mstari wa 8. Masihi wanaotajwa pale ni Ibrahimu, Isaka na Yakobo, wageni wachache waliotangatanga kutoka taifa hadi taifa, na wanaoonywa ni wafalme wenye nguvu wasiwadhuru wanyonge hao. Ni ulinzi wa wageni dhidi ya wakubwa, wala hauna habari na mjane anayeuliza ng'ombe wake alikwenda wapi. Wengine hutumia habari za Daudi na Sauli. Ni kweli Daudi alikataa kumuua Sauli. Lakini katika sura hiyohiyo, 1 Samweli 24, Daudi alitoka pangoni akiwa na upindo wa vazi mkononi akamwambia Sauli kosa lake waziwazi. Hakumpiga wala hakumnyamazia.

Nije kwenye shamba, maana hapo mafundisho yenyewe yanaonekana yalivyo. Nabii anasema mmefungwa na madhabahu ya mababu, na ekari moja itawafungua. Ezekieli 18 inasema mwana hatauchukua uovu wa babaye. Wagalatia 3:13 inasema Kristo alitukomboa katika laana kwa kuwa yeye mwenyewe alifanywa laana kwa ajili yetu. Muulize mama, kwa upole na kwa kutaka jibu kweli: kama Yesu alilipa yote msalabani, ekari inalipia nini? Petro, katika waraka wake wa pili, sura ya 2, anaposema watakuja walimu wa uongo, anasema watamkana hata Bwana aliyewanunua, na katika tamaa yao watajipatia faida kwa maneno yaliyotungwa. Huko kumkana si lazima mtu asimame madhabahuni na kusema Yesu si Bwana. Mtu anayekuuzia uhuru ambao Bwana ameshaununua kwa damu amemkana tayari, hata akiimba jina lake usiku kucha. Kwangu hilo ni zito kuliko tamaa yake ya pesa. Wachungaji wenye tamaa tunao katika makanisa makubwa pia, yenye maaskofu na katiba, na tunapaswa kuwakemea. Lakini huyu anamwambia mama yako kwamba msalaba haukutosha.

Kuhusu kutoa, sitaki mama aache kutoa. Mjane wa senti mbili alisifiwa na Bwana. Tazama tu jinsi mitume walivyoshika pesa za watu. Katika 2 Wakorintho 8 Paulo alikuwa anakusanya mchango wa maskini wa Yerusalemu, na alituma ndugu wengine waliochaguliwa na makanisa wasafiri na mchango huo, ili mtu asije akawalaumu. Alitaka mashahidi juu ya pesa. Katika sura ya 9 anasema kila mtu atoe kama alivyokusudia moyoni, si kwa huzuni wala si kwa lazima. Kwa hiyo uliza: sadaka inatumwa kwa namba ya nani, ya kanisa au ya nabii mwenyewe? Nani anahesabu? Nani amewahi kusomewa matumizi? Elisha alikataa zawadi ya Naamani asiuze uponyaji wa Mungu, na Gehazi alipokimbia nyuma ya gari kuchukua fedha na mavazi aliyoyakataa bwana wake, alirudi na ukoma. Na mstari wa kuleta zaka kamili ghalani, ambao najua mama ameusikia mara nyingi, ni Malaki 3:10. Mstari wa 5 wa sura hiyohiyo Mungu anasema atakuwa shahidi mwepesi juu ya wanaomwonea mjane na yatima. Sijawahi kumsikia mhubiri wa mbegu akiisoma yote miwili siku moja.

Yesu aliligusa jambo hili katika Marko 7. Walikuwako watu waliosema mali ambayo ingewasaidia wazazi wao ni Korbani, imewekwa wakfu kwa Mungu, na hivyo wakaacha kuwatunza baba na mama kwa kisingizio cha ibada. Yesu aliwaambia wanalitangua neno la Mungu kwa mapokeo yao. Ng'ombe yule ndiye aliyekuwa akimpa mama maziwa ya chai na pesa kidogo za kila wiki. Aliyempokea alijua anayemtoa ni mjane.

Ardhi ina sheria zake pia, na ni vizuri uzijue kabla hujapanda gari. Kama baba yenu alifariki bila wosia, sheria ya urithi ya Kenya inampa mjane haki ya kulitumia shamba maisha yake yote, lakini kuliuza kunataka idhini ya watoto walio watu wazima, na ya mahakama. Tena ardhi ya kilimo haikatwi wala haihamishiwi mtu mwingine, hata kwa zawadi, bila idhini ya bodi ya ardhi. Hati ikiwa bado kwa jina la marehemu, hakuna anayeweza kupewa ekari kihalali leo wala kesho. Mwenye haki katika shamba anaweza pia kuomba zuio liandikwe katika ofisi ya ardhi. Zungumza na ndugu zako wote kwanza, mkubaliane, kisha mmwone wakili au mwende ofisi ya ardhi ya kaunti. Usimfanyie mama hili kwa siri. Mwambie mnalinda mahali atakapozeekea.

Unaweza kuona ninakuza mambo. Ninakumbuka Shakahola, Kaunti ya Kilifi. Miili iliyofukuliwa kule tangu Aprili 2023 ilipita 400, watoto wakiwa wengi kati yao. Mhubiri Paul Mackenzie alishtakiwa na akakana mashtaka. Watu wale hawakuanza kwa kuacha chakula. Mafundisho ya kukataa shule na hospitali yalitangulia, watu wakauza walivyokuwa navyo, wakahamia msituni mbali na jamaa. Kufikia wakati wa kufunga hadi kufa, hapakuwa na shangazi wala mwalimu wa shule wala jirani wa kugonga mlango. Wengi wa manabii wa senta hawatafika huko, lakini hatua ya kwanza ni ileile, ya kumtenga mtu na watu wake.

Kwa sababu hiyo, kazi yako kubwa ni kubaki karibu na mama. Usimpe masharti ya "mimi au nabii". Atamchagua nabii, kisha nabii atasema alitabiri hivyo. Usibishane naye kwa simu. Nenda. Ukifika, usilete mada hiyo siku ya kwanza. Mwambie akusimulie alivyoingia kanisa hilo, na umsikilize hadi mwisho. Mara nyingi utakuta alikwenda baada ya msiba, au katika upweke, au mzee wa kanisa lake la zamani alimpuuza alipougua. Kama Marafiki waliacha kumtembelea baada ya mazishi ya baba, basi nabii aliingia kwa mlango walioufungua wao, na wanahitaji kuambiwa. Tafuta wawili au watatu wa wale akina mama wa zamani, wale aliowahi kuwapikia, uwaombe wamtembelee bila kumhubiria. Wachote naye maji, wamsaidie shamba, wamwalike mazishini na arusini.

Hudhuria ibada ya huyo nabii mara moja, mama akikubali. Usiende kumwaibisha. Sikiliza na uandike: amesema nini, amesoma sura gani, ameahidi nini na kwa tarehe gani. Kumbukumbu la Torati 18 inatoa kipimo cha nabii ambaye neno lake halikutimia, na kipimo hicho hakifanyi kazi kama hakuna anayekumbuka alichosema. Kama mama aliambiwa baraka itaingia kabla ya mavuno, muulize kwa wema kama iliingia. Mkisoma Biblia jioni, someni sura nzima. Mwachie yeye asome kwa sauti. Akiuliza swali, usimjibu haraka. Mwache abaki nalo usiku huo.

Ukizungumza na nabii mwenyewe, nenda na mashahidi, mchungaji wa eneo na mzee wa ukoo anayeheshimiwa, na umuulize mambo matatu tu: je, alimwambia mama aache dawa? Pesa za ng'ombe zilikwenda wapi? Ekari ingeandikwa kwa jina la nani? Mtumishi mwaminifu atajibu, hata kama maswali yanamchoma, na huenda akasema hakuwahi kuagiza dawa ziachwe. Hapo mtakuwa mmepata kitu kikubwa, maana mama atasikia kwa masikio yake. Akianza kulaani, sema asante, ondokeni. Laana isiyo na sababu haimpigi mtu. Mithali 26:2 inasema hivyo, na nataka uusome kabla hujaenda, kwa sababu naona katika barua yako unamwogopa mtu huyu kidogo. Ukiona watoto wa kanisa hilo wanazuiwa kwenda shule au hospitali, au watu wanafungishwa chakula kwa kulazimishwa, hapo hakuna mazungumzo tena: mwone chifu na polisi siku hiyohiyo, au piga 116, namba ya bure ya kusaidia watoto.

Kuna kitu kimoja kitakachomzuia mama kutoka hata akishaona ukweli, nacho ni aibu. Kutoka ni kukubali kwamba ng'ombe amekwenda bure, mbele ya majirani waliomwonya. Kwa hiyo usimtaje ng'ombe tena. Waambie ndugu zako wasimtaje, hasa wale wanaopenda kusema "tulikwambia." Yuda katika waraka wake anasema tuwahurumie walio na shaka, na wengine tuwaokoe kwa kuwanyakua katika moto. Huruma imetangulia hapo, na ndiyo itakayomrahisishia kurudi.

Kuhusu pesa, usiache kumtumia. Badilisha namna tu. Mchango wake wa SHA, bima ya afya ya serikali, ulipe wewe mwenyewe kwa simu. Dawa zilipie zahanati au duka la dawa moja kwa moja, na unga, sukari na mafuta kwa mwenye duka unayemwamini. Mbolea inunuliwe na ndugu yako aliye karibu. Kisha mtumie na kidogo cha mkononi, hata ukijua sehemu yake itaingia kwenye kapu la nabii. Ukimnyima kabisa, atakayempa mia mbili za kusaga mahindi siku ya shida atakuwa mtu wa kanisa lile, na atampa kwa jina la nabii.